Hadithi moja, malipo matatu: mwongozo kamili wa kufanya jukwaa, filamu na riwaya bila kuchanganyikiwa

Nina hadithi moja ambayo imenilipa mara tatu. Mara ya kwanza ilinilipa nauli na sahani ya wali maharage, mara ya pili ikanilipa laki nne na nusu, na mara ya tatu bado inalipa, kidogo kidogo, hela ambayo haitoshi kodi lakini luku ya umeme na bando inatosha. Hadithi ni ileile ya fundi cherehani wa Mbagala, ila kwanza ilikuwa mchezo wa jukwaani, afu ikawa filamu fupi, afu ikawa riwaya. Naandika haya kwasababu vijana wengi nnaokutana nao wanadhani mtu wa maigizo, mtu wa muvi na mtu wa vitabu ni watu watatu tofauti na lazima uchague mmoja, na wale wasiotaka kuchagua wanaanza vyote kwa mpigo na hadithi tatu tofauti, mwisho wa mwaka ukimuuliza kipi kimeisha anakuonyesha daftari.

Hili jambo halikuanza na sisi. Sembène Ousmane wa Senegali aliandika kisa cha mzee aliyetumiwa hela kutoka Ufaransa akashindwa kuzitoa posta, mwaka 1968 akakifanya filamu mwenyewe, na mwaka 1980 Amandina Lihamba wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam akakitoa kama tamthilia ya Kiswahili, Hawala ya Fedha. Kisa kimoja, kitabu, filamu, jukwaa. Na Lihamba mwenyewe utamkuta jukwaani, darasani, na kwenye filamu anaigiza. Zimbabwe kuna Tsitsi Dangarembga, tamthilia kaandika, riwaya kaandika, filamu kaongoza. Hawa watu hawakugawanyika vipande vitatu, walikuwa wanabeba mzigo uleule kwa vyombo tofauti. Ndo nnachotaka kukuonyesha namna yake, hatua kwa hatua, na sehemu nilipoumia ntakwambia.

Hatua ya 1: tafuta kisa kidogo kilichobanana

Usianze na historia ya ukoo. Anza na mtu mmoja, shida moja, na saa inayokimbia. Changu kilikuwa hivi: fundi anaitwa Zuhura, amemficha mumewe hela ya kodi, laki na nusu, kaishonea ndani ya upindo wa gauni la harusi la mteja, maana mume kila kopo kashalipekua. Siku hiyo katoka kwenda kununua uzi, kurudi anakuta mtoto wake kashalitoa gauni, mwenye gauni kaja kalichukua. Na mwenye nyumba anagonga mlango.

Kisa cha aina hiyo kinapita popote. Kipime hivi: msimulie mtu kwenye daladala kutoka kituo kimoja hadi kinachofata, akikuuliza "afu ikawaje?" unacho kisa. Akisema "aah, safi" huna. Mi nimepoteza mwaka mzima na kisa cha "aah, safi", kilikuwa na wahusika 19 na mapinduzi mawili.

Hatua ya 2: jukwaa kwanza, hata kama ndoto yako ni kitabu

Hapa ntakaa kidogo kwasababu ndo watu wanaparuka. Jukwaa ndo sehemu pekee ambapo msomaji wako anakaa mbele yako anapumua. Ukiandika riwaya mbovu watu watanyamaza tu, wengine watakusifia kwa adabu. Ukiweka mchezo mbovu watu wataanza kukohoa. Nakwambia ukweli, kikohozi cha ukumbini si ugonjwa, watu mia hawawezi kuumwa kifua kwa pamoja ukurasa wa nane.

Kuingia ni rahisi kuliko unavyodhani. Ukitaka kusomea kabisa, TaSUBa pale Bagamoyo ipo, zamani ikiitwa Chuo cha Sanaa, imeanza 1981, na Chuo Kikuu cha Dar es Salaam wana idara ya sanaa za maonyesho tangu miaka ya sitini. Kenya njia kubwa ni mashindano ya shule, Tamasha la Kitaifa la Drama lililoanza 1959 na siku hizi limeongeza na filamu. Lakini kama huna ada, tafuta kikundi cha mtaani kinachofanya maigizo ya uhamasishaji, vipo kila wilaya, na usidharau. Ile sanaa shirikishi ya kwenda kijijini, kuwauliza watu shida yao na kuigiza nao, wakina Penina Muhando na Lihamba waliifanya Malya kule Mwanza mwanzoni mwa miaka ya 1980, na mpaka leo mashirika yanalipa watu kuifanya. Utalipwa posho, sawa, lakini utajifunza kuandika mchezo kwa siku mbili na kuucheza chini ya mwembe bila mikrofoni.

Ukiingia kikundini usiombe kuigiza siku ya kwanza. Omba kushika skripti, ile kazi ya kumkumbusha mwigizaji maneno akisahau. Miezi mitatu ya kushika skripti imenifundisha kuliko semina zote, kwasababu unagundua mwigizaji anasahau palepale kila siku, na ukiangalia vizuri kosa sio lake, ni sentensi haikai mdomoni. Sentensi yenye "ambaye" mbili haikai mdomoni mwa mtu mwenye hasira.

Sasa andika wako. Dakika 20, watu watatu, sehemu moja, vifaa vinavyoenea kwenye bajaji moja. Ukimaliza usomeni kwa sauti, wewe usisome, kaa ukisikiliza na kalamu. Halafu siku ya onyesho kaa nyuma kabisa, usikae mbele kupungiwa mikono, na rekodi sauti kwa simu. Ukirudi nyumbani sikiliza ile rekodi huku umeshika skripti, weka alama: hapa wamecheka, hapa wamenyamaza kabisa (hapo pana dhahabu), hapa wamekohoa, hapa wamecheka ila mi sikutaka wacheke. Hayo maalama yatunze, ndo mtaji wako wa miaka miwili ijayo. Mi nlishangaa, watu walicheka zaidi pale mwenye nyumba anavyovua viatu kwa heshima kabla ya kuingia kumfukuza mtu. Sikuandika mimi hiyo, mwigizaji aliibuni mwenyewe, nikaiba. Nilimuomba ruhusa na jina lake lipo kwenye kitabu, mbele ntaeleza kwanini.

Hatua ya 3: ingia seti ya filamu kwa mlango wa uani

Mlango wa mbele ni kuigiza, na pale foleni imefika barabarani. Hata Steven Kanumba, yule marehemu nyota wa muvi za Bongo, alipita Kaole kwanza, kikundi cha tamthilia za ITV, kabla nchi nzima haijamjua. Mlango wa uani kwa mwandishi ni kazi ya kontinuiti, yani mtu wa kuandika kila kitu kilivyokuwa kwenye sini ili sini ikiendelea kesho isipishane. Ni kazi ambayo wengi hawaitaki, inachosha, hupigwi picha, lakini unakaa pembeni ya dairekta siku nzima na skripti mkononi, unaona mstari upi unakatwa na kwanini.

Mfano mmoja wa kweli. Tulishuti sini ya mama akiongea na jirani uani, jua likazama, tukamalizia kesho yake. Mwigizaji akarudi na kanga ya rangi ileile, nyekundu na nyeusi, mi nikaona sawa. Kwenye kuediti ndo ikaonekana jina la kanga limebadilika katikati ya mazungumzo! Wanaume kwenye chumba hawakuliona. Mama mmoja tu aliyeletewa kuangalia akauliza, "kwani kaenda kubadilisha nguo saa ngapi?" Tangu siku hiyo kabla ya kitu chochote napiga picha ya upindo wa kanga, kiwango cha chai kwenye glasi, na mkono upi umeshika simu.

Na sauti. Jamani sauti. Mtaa wa Mbagala saa mbili usiku una bodaboda, jenereta, mtoto wa jirani na muziki wa baa, na hakuna programu ya kuviondoa vyote ukabaki na maneno. Tundika mablanketi madirishani, zima friji, na weka funguo zako za nyumba ndani ya hilo friji, hutaweza kuondoka bila kukumbuka kuliwasha. Hiyo nlifundishwa na mshika bumu mmoja (yule wa maikrofoni ya fimbo ndefu) baada ya nyama ya mwenye nyumba kuharibika.

Hatua ya 4: geuza mchezo uwe skripti

Fomati kwanza tumalize haraka. Fonti ya Courier saizi 12, ukurasa mmoja unakaribia dakika moja ya filamu, kwahiyo filamu fupi ya dakika 10 ni kurasa kama 10 na ya saa moja na nusu ni kurasa 90. Kila sini inaanza na ndani au nje, sehemu gani, mchana au usiku. Trelby ni programu nzuri ya kuanzia, Final Draft inauzwa na sio lazima. Kuandika skripti kwenye Word inawezekana, ila utakesha unasogeza majina katikati ya ukurasa.

Kazi ngumu ni kutoa maneno. Mtu wa jukwaa akiandika filamu anaandika redio yenye picha. Hebu angalia dakika ileile moja ya Zuhura. Jukwaani ilikuwa hivi, kwasababu mtu wa kiti cha mwisho hawezi kuona upindo wa gauni:

*ZUHURA: Hodi ya tatu hiyo. Hela iko wapi Zuhura? Iko harusini! Imevaliwa! Saa hizi hela ya kodi inacheza mduara na wifi za watu!*

Watu walivunjika mbavu. Kwenye filamu mistari yote hiyo ikafa, ikabaki hivi:

*NDANI. CHUMBA CHA ZUHURA – USIKU*
*Cherehani imesimama. Vidole vya Zuhura vinapapasa upindo wa gauni la kwanza, la pili, la tatu. Vinasimama. Ukutani, msumari mtupu palipotundikwa gauni jeupe. Mlango unagongwa. Zuhura anazima taa.*

Hakuna neno hata moja, na mtazamaji anajua kila kitu, kwasababu sini mbili nyuma tumeshamuona anashona hela. Kanuni yangu: kila mstari wa mazungumzo uliza, hiki mkono au jicho linaweza kukisema? Kama linaweza, futa. Kutoka mchezo wa dakika 20 nilibaki na kurasa 11.

Ukishamaliza, pitia skripti kama mwenye hela sio kama msanii. Hesabu lokesheni ngapi, watu wangapi, sini za usiku ngapi (usiku ni taa, taa ni jenereta, jenereta ni mafuta), magari, watoto, mvua. Yangu ilitoka chumba kimoja, watu watatu, usiku mbili. Harusi haionekani kabisa, inasikika tu kwa mbali. Mwanzoni nlikuwa nimeandika harusi yenye watu 80, prodyuza akaniuliza kwa upole, "hawa wote watakula nini?"

Vibali usivisahau. Tanzania bara kuna Bodi ya Filamu, inasimama kwenye Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya 1976 pamoja na marekebisho yake, unaomba kabla ya kushuti na filamu inakaguliwa kabla ya kuonyeshwa. Zanzibar ni BASSFU, baraza lao la sanaa na filamu, ukivuka na kamera usidhani kibali cha bara kinatosha. Serikali ya mtaa pia nenda kasalimie, barua na adabu, itakuokoa siku kijana mmoja atakapokuja kudai "hela ya eneo" wakati jua linazama.

Ikiisha, usiitupe tu YouTube siku hiyohiyo, matamasha mengi yanataka filamu ambayo haijazagaa. ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar kule Ngome Kongwe, imeanza 1998 na bado ndo mahali ambapo mtu wa Dar anaweza kukaa benchi moja na dairekta wa Burkina Faso wakila urojo. Ikishamaliza kuzunguka ndo upeleke kwenye chaneli au mtandaoni.

Hatua ya 5: sasa riwaya

Kwanini mwishoni? Kwasababu kitabu kinakula mwaka, na mpaka hapo umeshajua watu wako wanaongeaje, wanacheka wapi, na kisa kinashikilia. Unaandika ukiwa na yale maalama ya kikohozi mezani.

Hesabu haina uchawi. Maneno 500 kwa siku, siku tano kwa wiki, ni 2,500. Wiki 24 ni 60,000, hiyo ni riwaya. Mi naandika alfajiri kuanzia saa kumi na moja mpaka saa moja kasoro, kabla nyumba haijaamka, na jana yake naishia katikati ya sentensi makusudi ili asubuhi nisianze na ukurasa mweupe. Simu inakaa chumba kingine. Siku za kushuti siandiki, sijidanganyi, ukitoka seti saa sita usiku huna sentensi mwilini.

Shida ya mtu wa jukwaa na kamera akifika kwenye riwaya ni kwamba anaandika mazungumzo matupu, "alisema", "alijibu", "alisema", msomaji anahisi anasoma meseji za watu. Riwaya inaingia pale kamera isipofika. Dakika ileile ya Zuhura kitabuni ikawa:

*Noti kumi na tano za elfu kumi, amezilaza ndani ya upindo moja nyuma ya nyingine kama watoto wanaolala wanne kitanda kimoja. Mumewe alikwisha kupekua kopo la sukari, akapekua godoro, akapekua mpaka chini ya mtungi. Lakini mwanaume gani duniani hupekua gauni la bibi harusi? Hapo Zuhura alijiona mjanja wa mjini. Hakuwahi kufikiria kwamba gauni la harusi lina siku yake, na siku haingoji mtu.*

Hapo nimeingia kichwani mwake, nimemleta mume ambaye kwenye filamu haonekani kabisa, na nimepata muda wa kumcheka kidogo. Mbinu iliyonisaidia zaidi kunyoosha kurasa 11 mpaka 210 ni swali moja: nani hayupo kwenye sini hii, na muda huu anafanya nini? Bibi harusi hayupo. Basi yuko ukumbini, gauni linamkwaruza kisigino, anadhani fundi kasahau sindano. Hiyo ikawa sura nzima. Mtoto aliyelitoa gauni yuko wapi? Kajificha kwa jirani. Sura nyingine.

Drafti ya kwanza iache mwezi. Ukirudi isome kwa sauti, mdomo wako wa jukwaani utakwambia wapi panakwama. Afu mpe mhariri wa Kiswahili, mlipe, na usimpe mtu anayekupenda. Nilidhani Kiswahili changu safi mpaka mhariri akanirudishia kurasa 30 za kwanza zimeiva wino, "kwenye" nilikuwa nimeitumia mara saba kwenye aya moja.

Kuchapa una njia mbili tatu. Wachapishaji kama Mkuki na Nyota au E&D Vision, wao wanabeba gharama na wewe unapata mrabaha, mara nyingi inazunguka asilimia 10. Tuseme kitabu ni Sh 10,000, unapata 1,000 kwa nakala, nakala 500 ni laki tano. Sasa unaelewa kwanini nasema luku. Ukijichapia faida ni yako na maboksi chini ya kitanda pia ni yako, namba ya ISBN unaomba Maktaba, Bodi ya Huduma za Maktaba Tanzania, na chapa nakala chache kwanza. Njia ya tatu ni kuuza kwa sehemu sehemu WhatsApp, watu wanalipia kwa simu unawatumia vipande, na wapo wanaoishi kwa hiyo. Nimejaribu. Shida ni kwamba mmoja akishalipa anawarushia ukoo mzima, lakini pia huo ukoo mzima ndo wanakuja kununua kitabu cha pili, kwahiyo siku hizi silalamiki sana.

Hatua ya 6: karatasi (hapa niliumia, soma polepole)

Skripti yangu ya kwanza kabisa, sio hii ya Zuhura, niliiuza laki na nusu kwa mtu mmoja, simtaji. Karatasi ilikuwa nusu ukurasa, imeandikwa "mwandishi ameuza haki zote za hadithi". Nikasaini juu ya boneti ya gari. Miaka miwili baadaye nataka kuiandika riwaya, naambiwa siruhusiwi, hadithi si yangu. Na filamu yenyewe hajaifanya mpaka leo. Kisheria alikuwa na haki, mi ndo nlikuwa na njaa.

Kwahiyo jifunze hivi. Hadithi moja ina haki nyingi ndani yake: kuichezea jukwaani, kuifanya filamu, tamthilia ya runinga, kuichapa kitabu, kuitafsiri, kuisoma redioni. Kila moja inauzwa peke yake. Vuta N'Kuvute ya Adam Shafi ilitoka kama riwaya 1999, filamu ya Amil Shivji ikaja 2021, na kitabu kikabaki kitabu kinaendelea kuuzwa na kusomwa. Ukimuuzia mtu filamu muuzie filamu, na andika hivyo, "haki ya kutengeneza filamu fupi moja kwa Kiswahili, haki nyingine zote zinabaki kwa mwandishi". Weka na muda: asipoifanya ndani ya miezi 18, haki inarudi. Weka jina lako litaandikwa vipi na wapi. Weka malipo kwa tarehe, nusu siku ya kusaini na nusu kabla ya kushuti, sio "muvi ikiuza", manake kuuza kwa muvi ni jambo ambalo utaambiwa halijatokea daima.

Jua pia kwamba wazo tupu halina ulinzi, kinacholindwa ni namna ulivyolieleza, kwahiyo liandike au lirekodi. Sajili kazi kwenye ofisi za hakimiliki, COSOTA kwa bara, COSOZA kwa Zanzibar, KECOBO kwa Kenya. Kwa sheria ya Tanzania hakimiliki inadumu maisha yako yote na miaka 50 baada ya kufa, kwahiyo unaposaini juu ya boneti unawasainia na wajukuu.

Na wale waigizaji wanaobuni mistari wakati wa mazoezi, kaa nao mapema, andikeni nani kachangia nini na atatajwa wapi. Ndo maana yule bwana wa viatu jina lake lipo kitabuni. Dakika kumi za mazungumzo zimeokoa urafiki.

Hatua ya 7: hela ya kula wakati hayo yote yanaiva

Usitegemee kimoja. Mwaka wangu uko hivi, takriban: miezi ya ukame naenda na kikundi kwenye maigizo ya uhamasishaji, hapo posho ya siku inaingia. Seti za filamu na tamthilia zinakuja kwa vipindi, wiki mbili tatu mfululizo afu kimya. Katikati kuna kazi ya sauti: Azam TV wamekuwa wakiingiza Kiswahili kwenye tamthilia za Kituruki, na mtu aliyetoka jukwaani mwenye pumzi ana faida kubwa pale. Kutafsiri na kulinganisha maneno na mdomo wa Mturuki pia ni kazi ya mwandishi, ukiimudu utakuwa umejifunza ufupi ambao hakuna darasa linaufundisha.

Shule ni soko ambalo watu wa muvi hawalioni. Kenya na Tanzania wanafunzi wanasoma tamthilia na riwaya kwa mtihani, na kitabu kikiteuliwa kinauza kwa miaka, hakuna premia ya kufanana na hiyo. Ila kuteuliwa ni bahati na subira, usipange kodi juu yake. Tuzo nazo zipo, ile ya Safal-Cornell ya fasihi ya Kiswahili, ilianza 2014 ikiitwa Mabati-Cornell, na Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu. Peleka muswada kwa masharti yao, hesabu kurasa walizosema, na usipeleke kazi ambayo umeshaiuza haki zake bila kusoma wanachotaka. Nimewahi kuenguliwa kwa ujinga tu, jina langu lilikuwa limeandikwa ndani ya muswada wakati wamesema lisionekane.

Tenga asilimia kumi ya kila malipo, hata kama ni elfu mbili. Hiyo ndo ilimlipa mhariri.

Hatua ya 8: rudi jukwaani

Kitabu kikitoka usikae unakipost tu. Kipeleke ukisome mbele za watu, shule, Nafasi Art Space pale Mikocheni, baraza la mtaa, popote penye viti. Chagua kipande cha dakika nane, kisome kama mwigizaji, na simu irekodi.

Juzi nimesoma ile sura ya bibi harusi mbele ya watu kama arobaini. Walicheka pale anapouliza mama yake kama ni kawaida gauni la harusi kumchoma mtu kisigino, na mama anamjibu, "mwanangu, ndo inaanza hivyo." Nilipoandika niliandika kwa huzuni kabisa, mwanamke mmoja mstari wa mbele alicheka mpaka akavua miwani. Nimerudi nyumbani nimepawekea alama kwenye daftari, na pembeni nimeandika: mchezo mpya, watu wawili, mama na bibi harusi, chumba kimoja, gauni.